Mashine Pepe

Klaksvík, saa tisa mchana, giza limeshashuka.
Nimefungua kompyuta ya mjomba Jógvan,
fundi wa sweta, aliyefariki Februari
akaacha moja ina mkono wa kulia tu.

Nakshi zake zote zimo kwenye diski hii
inayokwaruza kama panya darini.
Bárður wa dukani alinionya:
isome polepole, sekta kwa sekta,
inapokwama, iruke, urudi baadaye,
kama unavyomuuliza mgonjwa.

Ikasoma usiku kucha.
Alfajiri, sekta tisa zilikuwa zimekataa katakata.
Zilizobaki zimelala katika faili moja nene,
gigabaiti arobaini.
Taswira ya diski, wanaiita.
Si taswira ya uso wake;
ni ya kila alichohifadhi
na kila alichosahau kufuta.

Kisha kuigeuza umbo.
Amri ni mstari mmoja tu,
nimeuandika nyuma ya risiti ya samaki.
Nikakosea herufi. Nikarudia, nikakosea tena,
nusura niandike juu ya ile ya asili.
Nikainuka nikachemsha kahawa.

Asilimia tano. Asilimia arobaini. Mia.
Faili jipya: gigabaiti tatu.
Tumbo likanikata.
Thelathini na saba zimekwenda wapi?
Bárður akacheka kwenye simu:
Sufuri hizo, Rannvá. Utupu haubebwi.
Inaandikwa tu kwamba hapa palikuwa patupu,
na upana wake.

Nilikaa na neno hilo mpaka kahawa ikapoa.

Mashine pepe.
Pepe ni ganda lisilo na punje,
linalopeperushwa wakati wa kupeta.
Lakini hili nililiwasha, likakohoa, likaamka
ndani ya kompyuta yangu bila kujua limehama,
likatafuta printa iliyokwisha kutupwa,
likafungua sweta ile ile:
mkono wa kushoto, safu ya kwanza.

Nyota, nyota, wimbi, nyota.
Hadi kwenye kiwiko.
Hapo, kumbe, ndipo zilipokuwa zile sekta tisa:
alama za dola, mabano, herufi zisizo za lugha yoyote,
safu kumi na nne za upuuzi,
kisha nyota tena, mpaka kwenye kifundo.

Bárður anasema naweza kuziba pengo,
ninakili mkono wa kulia, niupindue.
Naweza.

Nimehesabu mabano. Nimechagua uzi wa kijivu.
Nafuma kama ilivyosomeka.