Neno Lenye Mlango

Milwaukee, Februari. Barafu imeshika dirisha.
Ottilie Brandstetter anahesabu mizani kwa vidole,
penseli sikioni, kahawa imepoa.

Mtaliano kaandika *cuore*: sauti yapaa, kinywa wazi.
Kijerumani kinampa *Herz*.
Mlango pu! Mwimbaji kabaki nje
na pumzi yake yote.

Anafuta. Anaandika. Anafuta tena.
Kesho jukwaa, keshokutwa filamu,
na kamera haina masikio, hutazama midomo tu.

Mimi mpiga deki wa ukumbi, ndoo mkononi:
"Kwetu ni moyo."
Akalijaribu polepole, mara mbili.
Halikufunga.
Akacheka, kisha akanuna:
"Na Wajerumani wangu niwape nini?"

Nikakamua tambara.
Safu ya tatu bado ilikuwa na matope.