Lebo

Kazi yangu ilikuwa sindano na herufi.
Ghorofa ya tatu, nyuma ya stoo ya viatu,
mimi Khemisa binti Rehani, wa Bombo,
nilishona jina la watu wengine
ndani ya makoti, chini ya kola:
Pragji na Wana, Kampala.
Uzi wa dhahabu, hariri nyeusi.
Mishono kumi na miwili kila lebo.
Mzee Pragji alihesabu kwa ukucha,
na ukicheza mmoja, unafumua yote.

Alianza na baiskeli, vibiriti na chumvi, njia ya Mityana.
Mimi nilimkuta na lifti.
Mama alikuja kuiona, akakataa kuipanda:
"Chumba kinachotembea ni jeneza lenye haraka."
Chini, manukato. Juu yake, vyombo vya kaure
na glavu za sufu, katika nchi isiyo na baridi,
na zilinunuliwa.
Hariri ya gomesi ilipimwa kwa yadi bila kuvutwa.
Hata mfuko wa karatasi ulikuwa heshima:
jirani yangu wa Wandegeya
aliubebea mihogo mwaka mzima,
jina likitazama nje.

Kisha redio ikasema siku tisini.

Mzee akazihesabu kwa ukucha uleule.
Siku ya mwisho akanikabidhi katoni:
"Lebo elfu nne. Zisiliwe na panya."
Akafunga mlango, akaujaribu mara mbili,
kama mtu anayekwenda kula mchana.

Duka akapewa sajini.
Mafutamingi, ndivyo mji ulivyowaita.
Hakujua bei, akasoma kola:
kumi na tano na nusu,
shilingi kumi na tano na nusu.
Wenye shingo nyembamba tukabahatika.
Wiki ya sita rafu zilikuwa mbao tupu.
Lifti ilikwama kati ya pili na tatu
na mbuzi wa Idi ndani yake;
tulimsikia hadi jioni.
Baadaye palikaa sukari ya magendo,
baadaye popo,
baadaye matundu ya risasi,
na sasa wanauza simu.

Nami nilizila lebo zile.
Owino, kibanda cha tatu kutoka mtaroni.
Robota la mitumba likifunguliwa
nachagua koti lenye mabega,
nafumua jina la huko lilikotoka,
natia jina la hapa.
Mishono kumi na miwili.
Wakiuliza, "Ni Pragji halisi?"
nasema, "Aliyeshona ni yuleyule."
Sijawahi kusema uongo. Ukweli nao
sikuwahi kuulizwa wote.

Jumanne moja, mvua ikinyesha,
akaja kijana mwenye miwani
na Kiswahili cha zamani, cha kurithi jikoni.
Hakutazama vifungo; kimoja hakikuwa chake.
Alipindua kola,
akapitisha ukucha juu ya uzi
taratibu, midomo ikitikisika.
Nilijua atakapofika.
Akafika.
Akarudia tena tangu mwanzo.

"Bei gani, mama?"

Nikataja bei ya mgeni, kwa mazoea,
nikangoja anipunguzie.
Alilipa yote, akasimama palepale,
kama aliyesahau chenji.
Katonini zilibaki lebo thelathini na moja.
Mguu wangu ukaisukuma chini ya meza.

Nikamfungia koti lake
katika kavera jeusi
lisilo na jina.