Jiwe la Mpaka Mezani

Alikuja Jumatatu, saa mbili na robo,
jiwe la mpaka kichwani, juu ya kata ya kitenge:
zege letu, namba yetu, rangi nyekundu utosini.
Mlinzi akamuuliza, "Mama, umeleta nini?"
"Mtoto wenu," akasema. "Nimemkuta amelala shambani kwangu."

Nami ndiye niliyemzaa, kwa kalamu.
Nachora ramani za jiji hili
tangu lilipokuwa ahadi na vumbi
hadi sasa lilivyo lami na vumbi.

Akalitua juu ya Isanghala,
yaani juu ya karatasi ya Isanghala, kitalu D.
Vikombe vya chai vikaruka,
udongo mwekundu ukamwagika
mpaka kwenye ukanda nilioupaka kijani.

Jina lake Mchiwa Ndahani.
Ana mistari kumi na miwili ya zabibu,
na barabara yangu ya mita ishirini
imepita katikati yake kama kisu kwenye tikiti.
Nikaanza maneno ya ofisini:
fidia, tathmini, mpango kabambe,
jiji la miaka hamsini ijayo.
Akaningoja nimalize,
kama mtu anayengoja mbuzi wa wenyewe wavuke.

"Mlipima mwezi gani?"
"Wa nane."
Akacheka, kicheko kifupi, kikavu.
"Mwezi wa nane korongo limelala.
Mmempima mtu urefu akiwa amejikunja.
Njoo Januari likiamka,
likuoneshe miguu yake inafika wapi."

Nilikwenda. Sikwenda kwa wema.
Nilikwenda kwa sababu alikataa kulichukua jiwe
na kila asubuhi lilinitazama.

Ilikuwa tarehe kumi na tisa.
Mawingu yalikaa kule milimani tangu alfajiri,
Isanghala halikudondoka hata tone.
Saa tisa nikasikia kitu kama lori la kokoto
linaloshuka bila dereva.
Maji ya rangi ya tofali,
yamebeba makopo, mabua ya uwele, kiti cha plastiki,
yakapita kiwanja namba 114,
yakaingia 115 bila hodi,
yakaizunguka 118, ambako mtu ameshajenga msingi,
ameshalipia, risiti anayo,
na mhuri ni wa kwetu.

Zabibu zilibaki juu, kavu,
majani yakitikisika kidogo tu.
Mchiwa hakusema "niliwaambia."
Alisema, "Vua viatu. Yakipungua tutavuka."

Tunasema mji unapangwa.
Lakini mwenye kiwanja cha kwanza ni maji:
hayakujaza fomu, hayakuchangia upimaji,
hati yao imeandikwa mchangani
na kila masika huihuisha yenyewe.
Sisi wengine ni wapangaji,
kwa maana zote mbili.

Nimechora upya. Barabara imepinda
kama mtu anayempisha mjamzito mlangoni.
Mhandisi kaguna: kona ina gharama.
Viwanja vinane nimevifuta kwa raba,
ila raba haifuti risiti,
na faili liko kwenye kamati tangu Februari.
Wenye viwanja wanapiga simu. Wa 118 hupiga Ijumaa,
sauti ya chini, ya mtu aliyekopa.
Sina jibu zaidi ya "tunalishughulikia",
neno nililolidharau nikiwa chuoni.

Jiwe bado lipo ofisini.
Tumeliweka mlangoni, lizuie upepo wa Agosti
usimbamizie mtu mlango usoni.
Wageni hujikwaa nalo.
Nawaambia poleni.
Sijaliondoa.