Punda wa Adozinda

Adozinda alipiga simu kabla ya mapambazuko:
"Punda wangu hali. Leo siku ya tatu."
Uwanda wa Miranda ulikuwa mweupe kwa jalidi.
Nilimkuta zizini, masikio yamelala,
uso ukutani
kama mtoto aliyetiwa adabu.

Joto sawa. Moyo sawa.
Nikapapasa meno hadi gego la mwisho.
Nikatega sikio tumboni, huku na huku:
kunguruma kwa mbali, kama mtu ajisemeaye.
Lakini damu, ilipotulia kichupani,
ilijitenga, juu yake utando mweupe kama maziwa.
Mwili ulishaanza kujila.

Chuoni nilifundishwa jina la ugonjwa huo. Jina refu.
Sababu sikupewa.

Mbwa akiumwa hulia, farasi hugaragara.
Punda hunyamaza,
na kunyamaza kwake watu hukuita ukaidi.
Aliyesema shukrani ya punda ni mateke
hajamwona punda aliyeishiwa hata teke la kutoa.

Nilikwisha kufunga mkoba nilipouliza, basi tu:
"Na Carocha yuko wapi?"
Adozinda akaitazama ndoo.
"Alikufa Jumanne. Mpwa wangu alimburuta kwa trekta
huyu akiwa malishoni. Tulimhurumia. Hatukutaka aone."

Miaka kumi na tisa walisimama kichwa kwa mkia,
kila mmoja akimfukuzia mwenzake nzi.

Lori la mizoga lilikuwa limekwama kwenye barafu.
Carocha bado alikuwa nyuma ya ghala, chini ya turubai.
Tukampeleka mwenzake.

Alimnusa pua. Akamnusa shingo, ubavu, kwato.
Akamsukuma kwa paji la uso, mara moja,
kama anayemwamsha aliyechelewa.
Kisha akasimama tu,
nasi tukasimama, vidole vikifa ganzi,
na Adozinda akasema, bila kunitazama,
"Mume wangu walimrudisha kutoka Ufaransa
katika sanduku la bati, limechomelewa.
Mpaka leo nikisikia mlango..."
Hakumaliza.

Punda alilia mara moja, sauti ya bawaba yenye kutu,
akageuka, akaiendea ndoo,
akavunja barafu kwa mdomo.

Daftarini niliandika: glukosi, lita tano, kwa mrija.
Chini yake, kwa kalamu ileile:
kuaga, dakika arobaini.
Sehemu ya bei nikaiacha wazi.