Ngeli ya Mbawakawa

Bolton, ghorofa ya chini ya makumbusho,
Jumanne, mvua ile ile ya tangu Ijumaa.
Bi Entwistle amevaa glavu zilizokatwa vidole,
ananikabidhi droo kama mtoto aliyelala:
"Hawa wote pembe ndefu. Wapange upya."

Pembe? Si pembe. Ni vipapasio,
na mwenyewe huvilaza juu ya mgongo
kama mtu aliyenunua fito mbili ndefu
asijue ataingiaje nazo mlangoni.

Nilifundisha sarufi Muheza miaka kumi na tisa.
Kupanga nakujua.
M-WA, KI-VI, U-I, niliyaimbisha madarasa
mpaka chaki ikanikaa mapafuni.
Na lugha yangu ina neno moja kwa kazi zote mbili:
ngeli ya nomino, ngeli ya mdudu.
Sikumwambia Bi Entwistle. Angetaka niandike makala.

Yeye hufundisha kwa ncha ya sindano.
"Tazama jicho, limemegwa,
limekumbatia shina la kipapasio kama mwezi mchanga.
Sasa hesabu wayo."
Nahesabu vipingili: vinne.
"Tena."
Vinne.
Ananisogezea lenzi. Ndani ya kile cha tatu,
kilichopasuka kama ukwato,
kuna kingine, kidogo kuliko chembe ya chumvi.
Ni vitano. Cha nne kimejificha.

Kwetu pia tulizaliwa watano.
Wageni huhesabu wanne.

Adhuhuri, nikitafuna mkate, nikatunga nisije nikasahau:

Kichwa kilichoinama, uso chini kama sala,
huyo ukoo wa nyuma, droo ya tano hulala.
Shingo iliyojinyima, maua hupenda kula.
Msumeno mwenye kuvuma, hutoka tukishalala.

Akauliza maana yake.
Nikamfasiria vibaya, akacheka vizuri.

Droo ya saba ni ya waliotalikiwa.
Walikuwa wa familia hii; vitabu vipya vikawatoa,
wakapewa familia zao, mlango wao, namba yao.
Kadi zao bado zina jina la ndoa,
kwa wino wa mtu aliyezikwa kabla ya vita.

Saa tisa akaja bwana mmoja wa Farnworth na chupa ya jamu.
Alinunua kabati la msonobari kwenye mnada,
na usiku, alisema, linajitafuna.
Ndani ya chupa: mweusi, mwenye mvi,
nukta mbili zinang'aa nyuma ya kichwa kama macho ya akiba.
Na vipapasio vifupi, vifupi hasa!
"Ni wao tu," akasema Bi Entwistle. "Jina ni la ukoo, si la mwili."
Alikadiria miaka kumi na moja
buu yule amekula giza la mbao,
hana familia, hana jenasi,
hana aliyemwita lolote.

Akamtia kwenye friza, kando ya maziwa yetu ya chai.

Kesho atakuwa kielelezo. KI-VI.
Hiki kimechomwa sindano, hiki kimeandikwa.
Sarufi inaruhusu; ni mimi mwenyewe niliyeifundisha:
chenye uhai hupewa A-WA,
hata kiitwe kifaru, hata kiwe kiroboto.
Mwanafunzi mmoja, Shekalaghe, aliwahi kuniuliza,
"Na akifa, mwalimu, anahama lini?"
Nikamwambia akae chini.

Nimeandika kadi kwa penseli, herufi za kuchungulia:
tarehe, Farnworth, kabati, msonobari.
Nafasi ya jina nimemwachia Bi Entwistle.
Kisha nyuma ya kadi, upande utakaogusa kizibo,
ambako hakuna atakayesoma mpaka droo ivunjike:

huyu alikuwa ndiyo kwanza anatoka.