Kigingi

Jumapili, ukingoni mwa Menengai,
Chelagat alinionyesha jiwe.
Limekaa ubavuni mwa shimo, si juu, si chini,
limezuiwa na mzizi wa leleshwa
usiozidi unene wa kidole changu cha gumba.
"Shangazi," akasema, "waliolizoea wataapa
kwamba hapo ndipo mwisho wa kuanguka."
Mbali chini mvuke ulipumua mwambani.

Ndivyo wanavyokisia huko Njoro anakosoma:
kwamba utupu wenyewe, ule ulio kati ya nyota,
ule ulio ndani ya kila chembe ya ugali,
haujafika chini.
Umeegemea tu.
Na siku moja, mahali fulani, bila kusukumwa,
mzizi utakatika:
povu dogo kuliko punje ya wimbi
litatanuka kwa mwendo wa nuru,
na ndani yake chumvi haitajua kuwa chumvi,
wala moto kuwaka, wala maji kulowesha.

Nikauliza, tutalionaje likija?
Hatutaliona. Nuru ya kutuambia
na lenyewe vitafika bega kwa bega.
Sisi tuliofunzwa mbiu ya mgambo ikilia kuna jambo,
hili ni jambo lisilo na mbiu.
Huenda limeshaanza, akasema,
huku akimenya chungwa.

Sikulala. Si kwa hofu, sijui kwa nini.
Niliwaza deni la Nyaboke, shilingi mia mbili za mafuta ya taa,
na barua ya Kipng'eno iliyo chini ya godoro
ikingoja siku nzuri ya kujibiwa.
Nikamwaza marehemu, alivyokatika katikati ya neno:
"Niletee ma—"
Maji? Maziwa?
Mwaka wa kumi na moja huu, bado namletea vyote viwili.

Alfajiri nikalipa deni.
Nyaboke alihesabu mara mbili, akaniuliza kama naumwa.
Kisha nikapanda tena, magoti yakinilaumu,
nikateremka kidogo nikishika matawi.
Jiwe lilikuwapo. Mbuzi wa mtu alikuwa akijisugua nalo
kwa raha zake zote.
Nikamfukuza. Nikaokota kijiwe,
nikakisokomeza chini ya lile kubwa,
nikakigonga kwa kisigino mpaka kikashika.

Si jiwe hili, Shangazi, ataniambia,
na hakuna mtu awezaye.
Najua.
Mikono ilikuwa inanuka leleshwa siku nzima.
Barua bado sijaijibu.