Usi—

Simu nimeiegemeza kwenye chupa ya maji ya samaki,
na uso wako ukasimama pale, mdogo, wa samawati,
umejibana ndani ya choo cha mwajiri wako huko Taipei
ili bibi unayemlea asisikie.
Dakika kumi, ukasema. Kalala. Haya, Lượng, nawa mikono.

Mikono yangu ina grisi ya pikipiki za Nam Định nzima.
Niliisugua kwa mchanga na sabuni ya unga, na bado
tofu ya Bi Nhàn ilipata alama ya kidole gumba,
nyeusi, kama sahihi ya mtu asiyejua kusoma.
Ilikuwa na joto bado. Aliitoa kwenye kitambaa,
akaipima kwa macho, si kwa mizani,
akaongeza kipande. "Cha mama yake," akasema,
halafu akakumbuka, akajifanya anahesabu chenji.

Ipanguse, ukasema, kama mtoto aliyetoka kuoga,
hata mikunjo ya shingo.
Nikapangusa.
Kata vipande vinene kama sabuni.
Nikakata.
Chovya kijiti kwenye mafuta, ungoje mapovu.
Nikangoja. Mapovu.
Vipande vikaingia karaini vikipiga kelele
kama wachuuzi walioona askari wa jiji,
na Uyên wetu mlangoni, miaka tisa, vidole masikioni,
jicho moja kwenye simu, la pili kwenye karai,
asijue ni kipi cha kumezea mate.

Nikashika mwiko. Ukaniona. Ukafungua mdomo:
"Usi—"
na hapo ukaganda. Mdomo wazi, mkono juu,
duara dogo likizunguka kwenye paji la uso wako.

Usi nini?
Usigeuze? Usiongeze moto? Usitie chumvi,
maana ya kwenye chupa inatosha?
Usimwambie Uyên kwamba mkataba umeongezwa?
Usinisubiri?
Miaka kumi na mbili ya ndoa, na sijui
silabi mbili za mke wangu zilikuwa zinaelekea wapi.

Subira huvuta heri, wanasema. Yangu ilivuta moshi.
Nikajaribu kipande kimoja: kikachanika,
ngozi ikabaki imeng'ang'ania chuma,
tumbo jeupe likamwagika. Nikakila kikiwa cha moto
nikaungua ulimi, kuficha ushahidi.
"Inashika," akasema Uyên.
"Inashika."
"Mama huwa anaiacha, anaenda kukata nyanya."

Basi tukakata nyanya. Yeye nyanya, mimi vitunguu majani,
vikiwa virefu mno, virefu kama kamba za viatu.
Tuliporudi nikatikisa karai kidogo,
vile ulivyokuwa ukitikisa, nami nikidhani ni mbwembwe,
na vipande vikateleza, vyote,
vimeachia vyenyewe, havikuombwa,
rangi ya mkate upande wa chini.

Nyanya zikalia, zikalegea, zikawa mchuzi.
Nilipoichukua chupa
simu ikaanguka kifudifudi kwenye maganda,
na sikuiinua mara moja. Naungama.
Ulikuwa umeniangalia ukiwa umenyamaza kwa muda mrefu
na mkono wako ule wa juu.

Chumvi ilizidi. Uyên alikula bakuli mbili,
akanywa maji, akala tena,
akapaka wali mchuzi mpaka punje ya mwisho ikawa nyekundu,
na kuhusu chumvi hakusema kitu.
Kawa mkubwa, nikawaza, lini?

Saa nne usiku ukaandika: Bibi aliamka. Mlikula?
Nikaandika: Usi nini?
Nikafuta.
Nikaandika: Tulikula. Vitunguu vilikuwa kamba.
Kisha, kwa kuwa ulikuwa bado upo,
ile taa ndogo ya kijani bado inawaka:
Kipande chako kipo.
Uyên amekifunikia bakuli.